Kipande Alichokikata Verna

Kazi ya Verna Stoltz ilikuwa kukata picha. Chumba chake kilikuwa juu ya ghala la mapambo, pale Edendale, kwenye vilima vya Los Angeles, nacho kilikuwa na dirisha moja kubwa, meza, mkasi, chupa ya gundi na mikanda ya filamu iliyojikunjakunja kama maganda ya viazi. Wenzake, wanaume kwa wanawake, walikuwa nje juani wakianguka. Walianguka kutoka kwenye ngazi, wakaanguka ndani ya mapipa ya unga, wakapigwa mbao za kisogoni, na mwenye kamera akazungusha mpini wake polepole ili wakionyeshwa waonekane wanakimbia kama kuku waliomwagiwa maji. Jioni mikanda ilipandishwa ngazi kwa Verna. Kila wiki kichekesho kimoja. Alianza akiwa na miaka ishirini, sasa alikuwa na ishirini na mitatu, na hakuna wiki iliyorukwa hata moja.

Mkono wake ulikuwa mzuri kwa kazi hiyo. Bwana Tuttle, mwongozaji, ambaye kumsifu mtu kulimuuma kama kung'olewa jino, alisema mkasi wa Verna unasikia kicheko kabla watu hawajacheka. Na Verna mwenyewe alilijua hilo. Alijua kwamba mtu akianguka, ukimwacha pale chini kwa muda, watazamaji watamwonea huruma. Ukimkata upesi, watashika mbavu.

Kati ya wale waangukaji alikuwamo Orrin Dabney, mwanamume wa miaka arobaini hivi, mrefu, mwembamba, mwenye magoti yanayokwenda kila moja njia yake. Jina lake halikuandikwa kwenye mabango. Yeye ndiye aliyekuwa akipigwa, na wengine ndio waliokuwa mashuhuri kwa kumpiga.

Sasa, picha zile hazikuwa na sauti, kwa hiyo mchezaji aliweza kusema lolote mbele ya kamera. Wengi walitukana. Walikuwa wakipiga magoti mbele ya mchumba wa uongo, mkono kifuani, huku midomo ikitoa matusi ya bandarini, na wenzao nyuma ya kamera wanakufa kwa kucheka. Mpaka siku moja ikaja barua kutoka kwa mwalimu wa shule ya viziwi. Akaeleza kwa upole kwamba wanafunzi wake wanapenda sana sinema, kwamba wanasoma midomo, na kwamba wamejifunza maneno ambayo yeye hakuwafundisha. Tuttle akapiga marufuku matusi. Watu wakacheka, wakasahau.

Orrin hakusahau. Wiki hiyohiyo alipanda ngazi mpaka kwa Verna, mfuko wa lozi mkononi, akasimama mlangoni kama mtu aliyekuja kuposa.

"Dada Verna, nina ombi. Na usinicheke, maana kuchekwa ndiyo kazi yangu na saa hizi niko mapumzikoni."

Akamweleza. Mke wake Zelpha hasikii tangu ana miaka tisa, homa ilimchukulia masikio. Anasoma midomo kuliko Verna anavyosoma gazeti. Kila picha mpya ikitoka huenda kumtazama mumewe, na Orrin huwa ana jambo la kumwambia mlemle ndani ya picha, akishaanguka, akiinuka, kabla hajapigwa tena. Ni kidogo tu. Sasa picha mbili zilizopita Verna amelikata, na Zelpha amerudi nyumbani amenuna.

Verna alimwuliza ni maneno gani hayo. Orrin akasema ni ya nyumbani kwao. Akamwuliza yanachukua muda gani.

"Sekunde nne. Nikijikaza, tatu."

Basi wakapatana. Kwa miaka miwili Verna aliacha zile sekunde nne. Orrin alianguka, akainuka, akaitazama kamera kama mtu aliyepotea njia, midomo ikacheza, kisha sufuria likamshukia. Watazamaji walidhani ndiyo mtindo wake, na wakaupenda. Kila picha ikimalizika, lozi zilikuja. Verna alikuwa akiinua ule utepe dirishani na kuzitazama zile picha ndogondogo zilizopangana, mdomo wazi, mdomo umefumba, mdomo wazi, asielewe kitu. Alidhani ni maneno ya mapenzi. Yeye hakuwa na mtu wa kumwambia hayo, akawa anayawazia mwenyewe pale mezani, na siku nyingine akaona wivu kidogo.

Ikafika Februari. Picha ya wiki ile ilikuwa ya harusi kwenye ziwa la bustani. Orrin ni mhudumu, amebeba keki ya ghorofa tatu ndani ya mashua, mashua inapinduka, anaibuka na majani ya ziwani kichwani, na baba wa bibi harusi anampiga kasia. Maji yalikuwa ya baridi kali. Tuttle aliwarudisha majini mara tatu, kwa sababu mara mbili za kwanza keki haikuzama vizuri. Jioni Orrin aliondoka akikohoa, na siku ya pili yake hakuja kazini.

Verna aliikata picha ile siku ya Alhamisi. Tuttle alipanda, akasimama nyuma yake akinuka sigara, akasema pale jamaa anapoibuka majini anasimama sana. Verna akamjibu kwamba huo ndio mtindo wa Orrin, bosi anaujua. Tuttle akasema ajaribu bila hizo sekunde, kisha afanye aonavyo mwenyewe. Akashuka zake. Hakuamrisha. Verna hakuweza kumsingizia hata baadaye, alipotamani sana kupata wa kumsingizia.

Akajaribu. Akaunganisha kichwa kinachoibuka na kasia linaloshuka, akaupitisha mkanda kwenye mashine ndogo ya kuonyeshea ukutani. Kichwa kiliibuka na kasia likatua papo hapo, kama vile ziwa lenyewe limemtoa Orrin ili apigwe. Verna alicheka kwa sauti, peke yake chumbani. Picha zilimpitia mikononi kwa mamia, na hakuwahi kucheka hivyo mbele ya meza yake. Akairudisha, akaitazama tena, akacheka tena. Alijua hajawahi kukata kitu kizuri kama kile, na pengine hatakikata tena.

Kipande kilichobaki kilikuwa na urefu wa futi nne. Alikishika. Alikiinua dirishani, akamwona Orrin na majani yake kichwani, mdomo unafunguka. Akajiambia atamwomba radhi akirudi. Kwani shida iko wapi? Wiki ijayo kuna picha nyingine, atasema humo. Akakidondosha kwenye pipa la mabaki. Ijumaa asubuhi mapipa yalichukuliwa na gari la farasi, kama ilivyokuwa kila Ijumaa, kwenda kuoshwa, kwa kuwa filamu ina madini ya fedha ndani yake na kuna watu waliokuwa wakiishi kwa kuyatoa.

Orrin alifariki Jumanne iliyofuata, kwa homa ya mapafu.

Mazishini wachekeshaji walivaa suti zao za heshima, wakawa hawajui wafanye nini na nyuso zao. Mmoja alijikwaa kwenye udongo wa kaburi, kujikwaa kwa kweli, na hakuna aliyethubutu kumtazama mwenzake. Verna alilia kama wengine. Kisha macho yake yakamwangukia mjane, mwanamke mfupi mwenye kofia nyeusi, amemkazia macho mchungaji. Mchungaji alikuwa ameinamia kitabu chake, ndevu zimefunika kila kitu. Zelpha akawa anasogea kidogo kushoto, kidogo kulia, akiitafuta ile midomo.

Hapo ndipo Verna alipokikumbuka kile kipande.

Hakungoja hata watu watawanyike. Alikwenda moja kwa moja mpaka kwenye uwanja wa kuoshea filamu, ng'ambo ya reli, na nguo zake za msiba. Mzee wa pale alimsikiliza, akainamisha kichwa upande.

"Ya wiki iliyopita? Binti, ya wiki iliyopita ndiyo haya."

Akamwonyesha mafungu yaliyoning'inia kwenye kamba, mikanda na mikanda, meupe, unaona mpaka upande wa pili. Hapakuwa na mtu humo, wala ziwa, wala keki. Verna alijua tangu alipofika kwamba ndivyo itakavyokuwa. Hata hivyo aliupitia utepe mmoja baada ya mwingine akiuinua kwenye jua, na yule mzee akamwacha, akamletea kiti.

Picha ya harusi ilianza kuonyeshwa mjini Jumatatu. Verna aliomba Mungu Zelpha asiende, au akienda asitambue. Jumatano adhuhuri akasikia viatu kwenye ngazi, mwendo mzito, wa mtu asiyejua anapiga kelele kiasi gani.

"Wewe ndiye Verna," alisema Zelpha. Sauti yake ilikuwa nene, imepanda kuliko chumba kilivyohitaji, kama ya mtu anayesema akiwa kisimani. "Orrin alikuwa anakutaja kwa wema."

Verna akamkaribisha, akamsogezea kiti chake mwenyewe. Zelpha hakukaa. Akaeleza kwamba ameitazama picha Jumatatu mara mbili na jana mara tatu, na leo asubuhi akaja huku. Alikuwa na swali moja tu. Akalianzia mbali, tangu kabla ya ugonjwa. Alisema asubuhi ya siku ile ya ziwani waligombana yeye na Orrin. Orrin alikuwa na kikohozi tangu usiku, yeye akamkataza kwenda, Orrin akasema asipokwenda ataitwa mwingine, na mwingine huyo akianguka vizuri je? Wakarushiana maneno, akaondoka bila kuaga. Jioni alirudi akitetemeka, na homa ilipompanda midomo ilimvimba, ikapasuka, ikawa inacheza bila mpangilio. Siku tano Zelpha alikaa ameitazama na hakuambulia neno hata moja.

"Nikasema, si kitu, ataniambia kwenye picha. Huwa ananiambia. Sasa kwenye picha hakusema kitu." Akamkazia Verna macho mdomoni, tayari kupokea. "Nataka kujua kama alininunia. Wewe unaona vyote. Alikataa kunisemesha?"

Verna angeweza kutikisa kichwa na kusema hajui. Alifikiri hivyo, na kwa maisha yake yote alikumbuka kwamba alifikiri hivyo. Lakini yule mama alikuwa anamtazama kama mtu anavyotazama mlango ambao daktari atatokea.

"Alisema," Verna akamwambia. "Nilikata mimi."

Zelpha alimtaka arudie. Akarudia. Akaeleza kwamba picha ilipendeza zaidi bila zile sekunde, kwamba alidhani wiki ijayo ipo, kwamba amekwenda kuzitafuta na zimekwisha kuoshwa. Alizungumza polepole, akifungua mdomo vizuri, kwa kuwa hata kujificha kwenye kunong'ona hakukuwezekana mbele ya mtu huyu.

Zelpha hakulia wala hakumtukana. Alishika ukingo wa meza, akautazama mkasi. Kisha akauliza jambo ambalo Verna hakulitegemea.

"Ulikiona hicho kipande kabla hujakitupa?"

"Nilikiona."

"Basi nionyeshe mdomo wake ulivyokwenda. Njoo hapa kwenye mwanga."

Verna akaenda dirishani. Alichokikumbuka kilikuwa kidogo. Mdomo ulifunguka wazi, midomo ikakutana mara mbili, mwishoni macho yalikuwa yanacheka. Hiyo ndiyo iliyokuwa kweli yote aliyokuwa nayo, na aliiona ni ndogo mno kumpa mjane aliyepanda ngazi zile. Alitaka kumpa zaidi. Alitaka sana, kwa huruma na kwa kujitakia nafuu mwenyewe. Akakabili mwanga, akasema bila sauti, kwa midomo tu, maneno ambayo kwa miaka miwili alikuwa amemwekea Orrin: Nakupenda sana, Zelpha. Nisamehe.

Zelpha alisoma mpaka mwisho. Halafu akacheka kidogo, kicheko kisicho na furaha ndani yake.

"Nimeishi na Orrin miaka kumi na saba," alisema. "Unajua huwa ananiambia nini mle? Alisema ninunue mafuta ya taa. Alisema bosi wake ana tundu kwenye suruali na hajui. Siku moja ukumbi mzima unamcheka anavyobamizwa na mlango, yeye ananiambia maharage ya jana chumvi ilizidi. Nilicheka peke yangu mpaka nikatoka machozi, watu wakadhani nacheka ule mlango. Neno 'nisamehe' hakuwahi kuniambia, hata alipokuwa na kosa. Alikuwa ananiletea matunda ya pichi."

Verna alisimama pale, midomo yake ikamwelemea usoni kama kitu cha kuazima.

"Umeshamkata, binti. Usimwekee na maneno."

Zelpha akageuka kutazama ukuta. Verna alianza kuomba radhi, akasema mengi, akatoa mpaka mambo ya utotoni mwake, na ilimchukua muda kutambua kwamba anaiambia kofia na mabega. Ilimbidi azunguke meza ili aonekane. Alipofika mbele yake akasema ile kweli ndogo: mdomo wazi, midomo imekutana mara mbili, na mwishoni macho yanacheka. Akasema Orrin hakuwa na hasira, mtu mwenye hasira hana macho yale. Akasema hili hajalitunga.

Zelpha aliyasoma hayo pia. Kuna kitu kililegea usoni mwake, kikataka kufunguka, kisha kikajifunga tena.

"Ungeanza na hilo, ningekuamini," alisema.

Hilo ndilo Verna alilobaki nalo baadaye, kuliko hata mkasi. Kukata alikata kwa kutojua, kila mtu hukata. Ila dawa aliyokuwa nayo mkononi ilikuwa ya kweli, na yeye mwenyewe ndiye aliyeitia maji.

Zelpha alifika mlangoni, akasimama. Akasema kuna jambo moja Verna anaweza kumfanyia. Aende naye sinema sasa hivi, amwonyeshe pale mahali penyewe. Ameitazama picha ile mara tano na hajapajua.

Wakaenda. Verna alivua aproni tu, akaacha mkanda wa watu kwenye meza nusu umekatwa. Kwenye tramu walikaa bega kwa bega. Ukumbini ilikuwa saa nane mchana, kumejaa akina mama na vikapu vyao, wazee, na makarani waliotoroka kazini. Mpiga piano alikuwa akila mkate kwa mkono mmoja na kupiga kwa mwingine. Walikubaliana kwamba Verna atamshika mkono, na ikifika pale atambonyeza.

Harusi ikaanza. Keki ikaingia kwenye mashua. Orrin akatembea na magoti yake, akiwa mzima kabisa, akasalimia wageni, akakanyaga gauni la bibi harusi. Verna alihisi kiganja cha Zelpha kikilowa jasho. Mashua ikayumba, ikapinduka. Maji yakatulia. Kichwa kikaibuka na Verna akabonyeza, na hapohapo kasia likatua.

Ukumbi ulilipuka. Mwanamume wa mbele alijipiga paja, mama mmoja akainamia kikapu chake, sakafu ikatikisika kwa miguu. Zelpha hakukisikia kicheko kile lakini kilimpanda kupitia kitini, Verna alikiona kinavyomtikisa mabega. Hakijawahi kutokea kicheko kama kile kwa picha yoyote ya Edendale. Mkono wake ulikuwa sahihi kabisa.

Zelpha alimgeukia kwenye ule mwanga wa kurukaruka. "Hapo?"

Verna akatikisa kichwa kukubali.

"Nilidhani kutakuwa na alama," Zelpha alisema, kwa ile sauti yake kubwa, na watu wakageuka.

Picha zilikuwa zikirudiwa mchana kutwa, na aliyelipa senti zake tano aliweza kukaa atakavyo. Walikaa. Mara ya pili Verna alibonyeza, mara ya tatu akabonyeza. Kila mara aliitafuta nafasi kati ya kile kichwa na lile kasia, angalau upana wa kope, na hakuiona, maana aliiunganisha vizuri.

Mara ya nne Zelpha aliutoa mkono wake taratibu, akauweka juu ya mkoba. Alikuwa amekwisha kupajua. Mashua ilipopinduka aliinama mbele, na kichwa cha Orrin kilipoibuka midomo yake ikaanza kwenda, upesi, bila sauti, akimwambia mumewe jambo. Verna alikuwa kando yake kabisa na hakuweza kulisoma. Kasia lilishuka, watu wakacheka, Orrin akazama, na midomo ya Zelpha ilikuwa bado haijamaliza.